Mtama wa Mhandisi Suresh

Raiskuka, lile sufuria la umeme la kupikia wali, ni chombo kizuri, lakini kwa mtu anayepika mtama ina kasoro moja: inasema uongo. Maji yakikauka juu juu, swichi inaruka, taa inageuka rangi, na wewe kwa kuwa una njaa unafunua mfuniko. Unakuta punje ngumu kama kokoto. Usiilaumu. Walioitengeneza ni watu wa mchele, na hakuna aliyewaambia kwamba huku kwetu kuna nafaka yenye kichwa kigumu kama mtama.

Dawa yake ni hii. Mtama uliokobolewa uloweke tangu jioni ya jana. Choroko nazo loweka, ila chombo chake kingine, kwa sababu choroko hulainika mapema na ukizichanganya zitageuka uji wakati mtama bado unabisha. Asubuhi, kabla ya kitu kingine, weka samli na kitunguu kilichokatwa kwenye raiskuka, bonyeza swichi, uache wazi bila mfuniko. Kitunguu kikianza kunukia, tia bizari nzima na tangawizi iliyopondwa, kisha manjano kidogo, ya kuipa rangi tu. Halafu mtama, halafu maji ya moto, si ya baridi, mpaka yapite juu ya mtama kwa urefu wa kidole chako chote cha shahada. Swichi itaruka. Ongeza maji ya moto tena, safari hii pamoja na choroko, ubonyeze mara ya pili. Ikiruka tena, usifunue. Iache ipumzike. Chumvi ni mwisho, ukiwahi kuitia choroko zinakaza.

Ninawaambia haya ninyi vijana mnaopanga vyumba Mugumu na Tarime mjini, walimu wapya, manesi, mafundi simu, mnaorudi jioni kwenye chumba chenye kitanda, ndoo na raiskuka. Nimewaona. Mnakula chipsi kwenye mfuko huku mmesimama. Mimi naitwa Gesase, nimezaliwa Kisaka na nimerudi Kisaka, na kwa maisha yangu yote ya kazi nimekuwa mpishi wa kambi za barabara. Nimewapikia watu waliojenga barabara ambazo ninyi mnazipita mkiwa mmelala ndani ya basi.

Kwa mwanaume wa kwetu kuingia jikoni haikuwa jambo la kutangaza. Marehemu baba yangu alipoulizwa mwanawe anafanya nini, alijibu kwamba niko barabarani. Hakusema uongo. Wenzake walidhani naendesha greda, naye hakuona sababu ya kuwasumbua na ukweli.

Aliyenifundisha kazi alikuwa mzee Ouma, Mjaluo mwenye ndugu pande zote mbili za mpaka wa Sirari, na Kiswahili chake kilivuka mpaka huo katika kila sentensi. Aliniambia siku ya kwanza, "Kijana yangu, chakula ya watu wengi inapikwa na masikio." Nilidhani ananitania. Baadaye nikamwona anainama, anatega sikio karibu na mfuniko kama mtu anayesikiliza umbea wa jirani, kisha anasema huyu bado ana maji, huyu mwingine anaanza kuungua. Sufuria lenye maji linaguguma. Maji yakipungua linanong'ona. Yakiisha linatoa sauti kavu kama ya majani yanayokanyagwa, na hapo ukichelewa utakula moshi. Jifunzeni kusikiliza. Kwenye chumba cha kupanga kuna ukimya wa kutosha kwa somo hilo.

Kupikia watu mia ni rahisi, nawaambieni. Mkono ukiteleza kwenye chumvi, kosa linagawanywa kwa watu mia na kila mmoja anapata kidogo. Kazi ngumu ni kumpikia mtu mmoja. Mke wangu Bhoke alipofariki, binti yetu Rhobi, aliyeolewa Mwanza, alinitumia raiskuka kwa basi. Alisema kwenye simu kwamba hataki nipulize moto tena na macho yangu haya. Nilimshukuru. Siku ya kwanza nikapika kwa mkono wa kambi, mtama ukasukuma mfuniko ukamwagika mezani. Nikala mchana, nikala jioni, kesho yake nikala tena, na bado ukabaki. Nikamwita jirani aje tule. Alikuja, akakuta hakuna nyama, akala vijiko vichache kwa adabu, kisha akasema amekumbuka ndama wake hajafungwa. Uliobaki nikawamwagia kuku. Siku hizi nimejifunza kipimo cha mtu mmoja. Ni kiganja kimoja cha mtama na nusu kiganja cha choroko. Nikikitazama kimelala kwenye kitako cha sufuria naona kama nimesahau kitu.

Chakula hiki nilijifunza na mtu. Nilipewa kuongoza jiko la kambi iliyokuwa karibu na Ringwani, Ouma akiwa ameshastaafu, na hapo ndipo alipofika mhandisi wa madaraja, Mhindi aliyetoka India kwenyewe, jina lake Suresh. Alikuwa mrefu, mwembamba, shati amelifunga vifungo hadi shingoni hata jua likiwa kali. Kiswahili alikuwa amejifunza kwenye barabara nyingine huko kusini. Kilikuwa kinaeleweka, ila kimenyooka sana, hakina kona. Siku ya kwanza nilipompakulia ugali na mchuzi wa nyama aliniambia, "Mimi nyama hapana," akasimama akisubiri.

Nikaelewa kwa jinsi nilivyoweza kuelewa wakati ule. Nikachukua kijiko, nikatoa vipande vya nyama kimoja kimoja, nikamwachia viazi na mchuzi mwingi mzuri. Aliitazama sahani, akanishukuru, akaenda nayo, na baadaye nikaikuta mlangoni pa kontena alilokuwa akilala imefunikwa vizuri, haijaguswa. Kesho yake nikaona nimfanyie heshima. Nikampikia maharage yake peke yake, nikayaunga kwa mafuta ya nyama ya ng'ombe yenye harufu ya kumwamsha mgonjwa. Alinusa kwa mbali tu, akasema atakula ndizi.

Msimamizi wa vibarua alikuwa Marwa, mtu wa Tarime, mwenye sauti ya kuita ng'ombe ng'ambo ya mto. Yeye alikuwa na hakika kwamba mhandisi ana ugonjwa wa tumbo na anaona haya kusema. Vibarua wengine walisema mengine ambayo sitayaandika. Siku iliyofuata Suresh akatoa raiskuka yake ndogo kutoka kwenye sanduku, akaichomeka kontenani kwake, akaanza kujipikia mchele na choroko pamoja.

Niliudhika. Kambi ina mpishi, mhandisi anajipikia, basi mpishi ni wa nini? Nikaenda kumuuliza, kwa upole lakini nikiwa nimekunja uso. Alifikiri kwanza, akitafuta maneno, kisha akasema kwamba chakula changu si kibaya. "Sufuria yako," akasema, "ina kumbukumbu." Kwao kwa vizazi vingi hawajala nyama, na chungu kilichopikiwa nyama hakiwezi kuwa chungu chake hata kikisuguliwa kwa mchanga. Nilirudi jikoni nikayatazama masufuria yangu makubwa meusi. Ni kweli. Yalikuwa yanakumbuka ng'ombe wengi.

Tangu hapo akawa anakula peke yake, ameketi kwenye ngazi ya kontena, sahani mapajani, anatazama vilima. Kwetu mtu anayekula peke yake hufikiriwa mambo mawili, ama ni mchoyo ama ni mchawi. Huyu hakuwa chochote katika hayo. Ukipita alikukaribisha, ila walimwitikia kwa mbali na kupita, maana hakuna aliyetaka kula mchele wa manjano usio na kitu. Mimi nilimwona kila siku kupitia dirisha la jiko. Alikula polepole sana, kama mtu asiyetaka chakula kiishe kwa sababu kikiisha hana kazi nyingine mpaka kesho.

Mvua za mwaka ule zilikata barabara yetu wenyewe, jambo lililowachekesha sana watu wa vijijini. Lori la vyakula likakwama. Nyama tulikuwa nayo, ng'ombe wanatembea, lakini mchele wa Suresh uliisha. Nilimwona anakula ndizi, kesho ndizi, keshokutwa ndizi. Nikaomba ruhusa nikaenda nyumbani kwa pikipiki kwenye matope, nikamweleza Bhoke kwamba kuna mtoto wa watu analala na njaa kambini. Bhoke hakuuliza ni kabila gani. Alitwanga mtama, akaukoboa, akaupepeta, akanifungia na choroko na chupa ya samli, akasema nisirudi na chupa tupu bila salamu.

Suresh alinusa ile samli, uso ukafunguka. Akaniuliza kama ni ya ng'ombe wetu. Nikasema ndiyo, nikangoja aikatae. Akasema samli anakula, maziwa anakunywa, mama yake hulainisha kila kitu kwa samli. Nikashangaa kidogo, nikamwambia basi sisi wote ni watu wa ng'ombe. Alicheka, mara ya kwanza nimsikie. "Ninyi mnamla," akasema. "Sisi tunamwamkia."

Mtama ule wa kwanza tuliupika wawili kontenani, mimi nimesimama mlangoni, kwa maana sikujua kama harufu yangu inaruhusiwa ndani. Swichi iliruka, tukafunua, tukatafuna kokoto. Yeye akataka kuongeza maji ya bomba, mimi nikasema maji baridi yatashtua punje, itaiva nje na kubaki mbichi ndani. Tukachemsha maji. Swichi ikaruka tena, tukafunua mapema tena. Mara ya tatu nikatega sikio kama Ouma alivyonifundisha, na nikamzuia mkono mpaka sufuria liliponyamaza kabisa. Tulipofunua, mtama ulikuwa umetuna, kila punje peke yake, choroko zimejificha katikati, samli inang'aa juu. Alikula akafumba macho. Akaniambia mama yake huko kwao hupika chakula cha namna hii siku za mvua, ila kwa mchele, na kwamba angeuona mtama huu angeugombeza kwanza, halafu angeomba mbegu.

Baada ya hapo nilikuwa nampelekea mtama uliolowekwa, yeye anapika, tunazungumza kidogo mlangoni, mimi narudi kwenye masufuria yangu. Alianza kutia majani ya kunde. Siku nyingine alitia karanga zilizotwangwa, hiyo ninawashauri sana, ila zitiwe mwishoni swichi ikisharuka, zikikaa chini zinaungua. Urafiki wetu haukuwa mkubwa zaidi ya huo. Hakuwahi kuingia jikoni kwangu, nami nilielewa kwa nini.

Siku moja kabla ya mchana nilimwona anarudi kutoka darajani kwa miguu, kofia ya kazi ameishika mkononi, jua linampiga kichwani. Hakuna aliyewahi kumwona bila kofia. Akapita, akaingia kontenani, akafunga mlango. Marwa akaja nyuma yake, sauti yake yote kubwa imeisha. Akanieleza kwamba Suresh alipigiwa simu akiwa juu ya zege. Mama yake amefariki.

Kwa dini yao maiti haicheleweshwi, huchomwa moto siku ileile au kesho yake. Hata angetoka Ringwani dakika ile, hakuna ndege ambayo ingemfikisha. Na yeye ndiye mzaliwa wa kwanza. Mzaliwa wa kwanza ndiye anayewasha moto wa mama yake. Sasa moto ule ungewashwa na mdogo wake. Marwa alinieleza hivyo akanitazama, nami nikamtazama, kwa sababu sisi pia tuna wazaliwa wa kwanza na tunajua zamu yao kaburini. Mtu akikosa zamu hiyo hairudi.

Nikaenda nikagonga mlango. Alifungua kidogo. Macho yalikuwa makavu na hiyo ndiyo iliyonitisha. Nikampa pole. Akaniambia nirudi kazini tu, hataki kusumbua watu, hapa hakuna msiba, msiba uko kwao.

"Tata," nikamwambia, yaani baba kwa lugha ya kwetu, na sikuwahi kumwita hivyo, "msiba uko mahali alipo mfiwa."

Hakufunga mlango.

Kesho yake Marwa alisimamisha kazi. Mwili usiwepo, kaburi lisiwepo, mfiwa tunaye, akasema, na watu watakaa. Wakafunga turubai mbele ya kontena, wakatandika mikeka. Na vibarua, kwa heshima yote waliyokuwa nayo, wakaleta mbuzi. Beberu mkubwa, mweusi, wakamfunga kwenye nguzo karibu na jiko langu na kuniuliza kisu kiko wapi.

Hapo ndipo kazi yangu ilipokuwa ngumu kuliko siku zote nilizopika. Niliwaambia mbuzi hachinjwi. Marwa akaniuliza kama nimelewa. Akasema msiba bila nyama ni tusi, watu wataondoka na njaa na kusema kambi nzima ilimlilia mama wa mtu kama kuku aliyegongwa na gari. Alikuwa na haki yake. Hata mimi ningesema hivyo katika msiba mwingine wowote. Nikamjibu kwamba tukimwaga damu mbele ya mlango ule na kuchoma nyama chini ya pua yake, tutakuwa tumemfukuza mfiwa kwenye matanga yake mwenyewe. Atajifungia ndani, na sisi tutakula kwa furaha nje, na kila mmoja ataenda kwake akiamini amefanya wema.

Marwa akauliza watu watakula nini. Nikasema mtama. Akaenda kumfungua mbuzi. Beberu yule alikaa kambini mpaka barabara ilipoisha, akila kamba za wapimaji na kumchukia Marwa peke yake kati yetu wote.

Lakini ningepikia wapi? Masufuria yangu yana kumbukumbu. Chombo safi kilikuwa kimoja tu katika kambi nzima, na kilikuwa kidogo, cha mtu mmoja na mgeni wake. Nikaenda tena mlangoni, nikaomba raiskuka. Suresh aliitoa bila kuuliza, ameishika kwa mikono miwili. Fundi wa genereta akaambiwa asizime hata kwa dakika moja, na wachomeleaji wakapumzika ili umeme utoshe.

Nilipika sufuria moja, nikamimina, nikapika jingine, nikamimina. Wanawake wa kijiji cha jirani walikuwa wamesikia, na habari ya mtu aliyefiwa na mama akiwa ugenini haikuhitaji tafsiri. Walikuja na mtama uliokuwa umelowekwa majumbani kwao, choroko, chupa za samli, na wakaniuliza nataka nini kingine. Nikawaomba vyombo ambavyo havijawahi kutiwa nyama. Walitazamana. Kisha mama mmoja wa makamo akarudi nyumbani, akaleta beseni jipya lenye maua, bado lina karatasi yake, alilokuwa amemnunulia binti yake anayeolewa. Wengine wakaleta vyungu vya maziwa. Bhoke alifika mchana na majani ya kunde, akakaa upande wangu akichambua, akanisaidia kusikiliza.

Chakula kilifika kwa watu kidogo kidogo, kundi moja likila jingine likisubiri, na labda hilo lilisaidia, kwa sababu hakuna aliyeweza kula haraka na kuondoka. Walikaa. Marwa alikula wa kwanza, akanung'unika kwamba hiki ni chakula cha ndege, akaomba kingine, akanung'unika tena.

Suresh alikuwa amesimama mlangoni kwake hajui afanye nini na mikono yake. Bibi mmoja mzee sana akainuka kwa shida, akamwendea, akamshika kiganja kama anavyoshikwa mtoto anayevushwa mto, akamwongoza hadi mkekani, akamkalisha. Hawakuwa na lugha moja hata robo. Bibi alimwambia pole kwa Kikurya, akaendelea kuongea kwa sauti ya chini, na hakuna aliyemtafsiria. Baada ya muda Suresh akaanza kulia. Watu wakamwacha alie. Kwetu hatumnyamazishi mtu katika kilio cha haki.

Alipotulia, Marwa alimwomba atusimulie mama alikuwa mtu wa namna gani, kwa sababu tumekuja kumlilia mtu tusiyemjua na si vizuri. Akatusimulia kwa kile Kiswahili chake kisicho na kona. Mama yake alikuwa mfupi. Alikuwa anafundisha watoto wadogo kusoma. Alikuwa anaogopa mijusi lakini haogopi polisi. Alimpiga Suresh kwa mwiko mara moja tu, kwa kumwaga mchele, kisha akalia yeye mwenyewe zaidi ya aliyepigwa. Wanawake wakacheka kwa hilo, naye akacheka pamoja nao, machozi bado usoni. Lile beseni la maua lilipofika limejaa mtama, akanawa, akala kwa mkono pamoja na watu wanane au tisa waliolizunguka. Kwenye kambi ile alikuwa hajawahi kula na mtu chombo kimoja.

Najua mnataka kujua baadaye ikawaje. Daraja lake liliisha, akahamishwa kwenye nchi nyingine, mimi nikahamia kambi nyingine. Alikuwa akipiga simu kila masika, ananiuliza mvua zikoje na Bhoke hajambo. Halafu akanyamaza. Bhoke alipofariki nilimpigia, nikataka tu ajue, maana alikuwa amekula mtama wa mikono yake. Sauti ya mashine ikaniambia namba haitumiki. Watu walijaa nyumbani kwangu, ng'ombe akachinjwa, wakala, wakalala, wakaondoka kwa makundi kama inavyotakiwa. Siku aliyoondoka wa mwisho nilifagia ua mara mbili. Watoto wana kazi zao mbali, na nawaelewa, mimi pia niliishi mbali na kwetu kwa ajili ya kazi. Namba ile bado iko kwenye simu yangu. Sijui kama yu hai.

Ndiyo maana nawaambia ninyi wa vyumba vya kupanga: jifunze jina la aliye chumba cha pili. Mjue anakula nini na hali nini. Usingoje afiwe. Mimi nilikuwa mtu mzima mwenye kazi ya kulisha watu, na mhandisi alikaa ngazini peke yake msimu mzima kabla sijaanza kumjua.

Lakini jambo ninalolikumbuka kuliko yote la siku ile lilitokea watu walipokwisha kuondoka, jua likiwa bado halijazama. Bhoke alikuwa amewasindikiza wanawake. Nilikuwa jikoni, nimesimama, nakwangua ukoko kwa kijiko. Mpishi wa kambi hula hivyo, mwisho, kwa miguu, kinachobaki, na kikikosekana hujimiminia chai. Nilikula hivyo maisha yangu yote ya kazi, na sikuwahi kuliona kuwa jambo, kama vile mtu asivyoona mgongo wake.

Kivuli kikaziba mlango. Suresh alikuwa amesimama kizingitini, pale ambapo hakuwahi kukanyaga, harufu ya ng'ombe wa miaka yote ikimpiga usoni. Aliitazama ile raiskuka, akalitazama beseni tupu, akanitazama mimi na kijiko changu.

"Gesase," akasema, "wewe umekula?"

Nikamwambia chakula kimetosha watu wote, Mungu ashukuriwe. Akasema hajauliza watu wote.

Hakuna mtu aliyewahi kuniuliza swali hilo kazini, si Ouma, si mabosi, si wale mia na mia niliowapikia, na nikaona haya kama niliyekutwa uchi. Yeye hakungoja. Aliingia. Akakunja mikono ya shati, akafungua vifungo vya shingoni, akaosha sufuria lake, akachukua mtama uliobaki kwenye maji, kidogo tu, akauchuja. Nikataka kumzuia, mfiwa hapiki, kwetu ni mwiko na nadhani kwao pia. Akanionyesha gunia la viazi kwa kidevu, akasema nikae.

Nikakaa. Alikata kitunguu vibaya sana, vipande vikubwa kama vya kuwapa ng'ombe, nami nikajizuia nisiseme neno. Tulingoja swichi iruke. Nje mtu alikuwa anakunja turubai. Chakula kilipoiva alitafuta sahani mbili, akazisuuza, akapakua, na ile ya kwanza akanipa mimi.